Wiki za mwisho za mimba: mtoto anamalizia kazi, nyumba ijiandae



Mimba inapoingia mwezi wa nane, katika nyumba zetu nyingi husikika maneno haya: "Sasa tunangoja siku tu." Mama mkwe anasema hivyo, majirani wanasema hivyo, na baba mwenyewe anarudi shambani au kazini akiwa na moyo uliotulia. Mimba imekaa salama, tumbo limekua, kilichobaki ni siku kufika.

Mwezi huu, katika ukurasa wetu wa afya, tungependa kuonyesha kwamba wiki hizo za mwisho si za kungoja tu. Ni wiki za kazi kubwa. Mtoto anamalizia viungo vitakavyomwezesha kuishi nje ya tumbo. Mwili wa mama unatayarisha njia. Na nyumba nayo ina kazi yake, ambayo isipofanywa mapema haiwezi kufanywa usiku wa manane uchungu ukishaanza. Tutaeleza kazi hizo tatu moja baada ya nyingine. Akina baba, tunawaomba msiupite ukurasa huu haraka mkidhani ni wa akina mama peke yao.

KWANZA TUJUE KUHESABU

Watu husema mimba ni miezi tisa. Mkunga yeye huhesabu wiki, naye huanza kuhesabu tangu siku ya kwanza ya hedhi ya mwisho. Kwa hesabu hiyo mimba huchukua wiki 40, yaani siku 280.

Njia rahisi ya kukadiria siku ya kujifungua ni hii: chukua tarehe ya kwanza ya hedhi ya mwisho, rudi nyuma miezi mitatu, kisha ongeza siku saba. Kwa mfano, mama ambaye hedhi yake ya mwisho ilianza tarehe 10 Juni, akirudi nyuma miezi mitatu anapata tarehe 10 Machi. Akiongeza siku saba anapata tarehe 17 Machi. Basi ajue kwamba atajifungua karibu na siku hiyo. Tumesema karibu, maana ni watoto wachache tu wanaozaliwa siku ileile iliyokadiriwa. Mtoto aliyezaliwa tangu wiki ya 37 huhesabiwa kuwa ametimiza muda. Aliyezaliwa kabla ya hapo ni njiti.

Hesabu hii ina faida nyingine kwetu. Tarehe 17 Machi ni wakati masika yanapoanza. Mama wa kijiji cha ndani Handeni aliyehesabu vizuri anajua tangu Desemba kwamba atajifungua wakati wa matope, na hupanga safari yake kwa kujua hivyo. Asiyehesabu hushtukizwa na mvua na uchungu kwa pamoja.

Mama asiyekumbuka tarehe asione haya kusema. Aende kliniki mapema, tena mapema iwezekanavyo. Kipimo cha ultrasaundi kikifanywa mwanzoni mwa mimba hukadiria umri wake vizuri. Kikifanywa mwezi wa nane hukosea zaidi, kwa sababu kufikia hapo watoto wamekwisha kutofautiana kwa ukubwa.

MTOTO ANAFANYA NINI HUKO NDANI?

Wako wanaodhani mtoto wa miezi saba au minane amekwisha kamilika na kwamba anaongeza unene tu. Ni kweli ana macho, vidole, masikio na moyo unaopiga. Anasikia hata sauti ya mama yake. Lakini kuwa na viungo vyote ni jambo moja, na viungo hivyo kuwa tayari kufanya kazi ni jambo jingine. Hebu tuone anachomalizia.

Mapafu. Ndani ya mapafu kuna vifuko vidogo sana vya hewa. Katika wiki za mwisho mapafu hutengeneza kwa wingi ute maalumu unaozuia vifuko hivyo visigandane mtoto anapotoa pumzi. Mtoto aliyezaliwa kabla ute huo haujatosha huhangaika kupumua, mbavu zikiingia ndani kwa kila pumzi. Ndiyo sababu tunasema kila wiki moja tumboni ina thamani.

Ubongo. Mtoto wa wiki 35 ana ubongo wenye uzito wa karibu theluthi mbili tu ya ule atakaokuwa nao akitimiza muda wake. Sehemu kubwa hukua katika mwezi huo wa mwisho.

Mafuta. Chini ya ngozi mtoto hujiwekea mafuta. Hayo ndiyo blanketi lake la kwanza na akiba yake ya nguvu. Njiti hupoa haraka hata katika joto la Korogwe kwa sababu blanketi hilo bado jembamba. Malaika, yale manyoya laini yaliyomfunika mwili, hupungua, na ngozi hupakwa utando mweupe kama samli. Utando huo si uchafu; humlinda. Kwa hiyo mtoto akizaliwa afutwe na kukaushwa, wala asiharakishwe kuogeshwa. Ni vema kungoja saa 24.

Damu. Katika miezi mitatu ya mwisho mtoto huchukua kutoka kwa mama madini ya chuma na kuyaweka akiba mwilini mwake. Akiba hiyo ndiyo atakayotumia kutengeneza damu katika miezi ya kwanza ya maisha yake, maana maziwa ya mama, pamoja na ubora wake wote, yana chuma kidogo tu.

Kinga. Katika wiki hizohizo kinga ya mama dhidi ya maradhi hupita kwenye kondo la nyuma na kumwingia mtoto. Mama aliyechanjwa pepopunda humkinga mtoto wake kabla hata hajamwona uso.

Uzito. Wiki ya 28 mtoto ana kilo moja hivi. Wiki ya 32 ana karibu kilo moja na robo tatu. Wiki ya 36 ana kilo mbili na nusu hivi. Na akitimiza muda huwa na kilo tatu, au zaidi kidogo. Maana yake ni kwamba zaidi ya nusu ya uzito wake huupata katika miezi mitatu ya mwisho. Mwishowe, kufikia wiki ya 36, watoto walio wengi hugeuka kichwa chini, tayari kwa safari. Asiyegeuka ni lazima ajulikane mapema, ili mama yake akajifungulie hospitali penye chumba cha upasuaji.

YALIYOONEKANA KOROGWE NA HANDENI

Mambo haya hayakuandikwa kwa kutazama watoto wa Ulaya peke yao. Sehemu yake imejulikana hapahapa kwetu. Kati ya mwaka 2008 na 2010 watafiti wa Taasisi ya Taifa ya Utafiti wa Magonjwa ya Binadamu, pamoja na wenzao wa Chuo Kikuu cha Copenhagen, Denmark, waliwafuatilia mamia ya wajawazito wa Korogwe. Kila mama alipimwa kwa ultrasaundi, si mara moja bali mara kadhaa, ili kuona mtoto anavyokua ndani. Mwaka 2012 ilichapishwa chati ya uzito wa mtoto tumboni iliyotokana na vipimo hivyo vya akina mama wa kwetu. Mwaka uliofuata watafiti haohao walieleza jinsi malaria ya mama inavyohusiana na mtoto kukua kwa polepole katika miezi mitatu ya mwisho.

Mwaka 2014 ulianza utafiti mwingine, safari hii Korogwe na Handeni kwa pamoja. Watafiti hawakungoja mimba. Waliwaandikisha wanawake kabla hawajashika mimba, kisha wakawafuata. Jambo moja lililoonekana ni kwamba wanawake wengi walikuwa na upungufu wa damu tangu kabla ya mimba kuingia. Hebu tufikiri: mama anayeanza safari akiwa na damu kidogo ndiye huyohuyo ambaye mtoto atamdai chuma katika wiki za mwisho, na ndiye huyohuyo atakayepoteza damu siku ya kujifungua. Mama mwenye damu ya kutosha huweza kustahimili kutokwa na damu kiasi. Mwenye safura anaweza kupoteza maisha kwa kiasi hichohicho.

Basi tunajifunza nini? Tunajifunza kwamba wiki za mwisho si wakati wa kuacha dawa kwa kuwa "karibu tunamaliza."

Vidonge vya kuongeza damu vimezwe kila siku hadi mwisho, na baada ya kujifungua kama mkunga atakavyoelekeza. Choo kikiwa cheusi si ugonjwa; ni rangi ya chuma. Visimezwe pamoja na chai, kwa kuwa chai huzuia chuma kisiingie mwilini; machungwa na maembe, ambayo kwetu Tanga tumejaliwa, husaidia kiingie.

Vidonge vya SP vya kukinga malaria hutolewa kliniki kuanzia miezi mitatu ya kwanza ikishapita, kwa nafasi ya mwezi mmoja au zaidi kati ya dozi na dozi, hadi karibu na kujifungua. Wengine huuliza kama SP bado ina maana, wakati vimelea vya malaria wa huku kwetu wameizoea. Swali hilo ni zuri, nalo limechunguzwa. Wajawazito 4680 wa Kenya, Malawi na Tanzania, wakiwemo wa mkoa wetu wa Tanga, walishiriki katika utafiti ambao matokeo yake yalitoka mwaka 2023. Dawa mpya iliyojaribiwa ilipunguza malaria kuliko SP, lakini haikuleta uzazi bora kuliko SP. Kwa hiyo mama asiikatae SP anapopewa. Lakini anayetumia septrini kila siku amwambie mkunga, maana dawa hizo mbili hazichanganywi. Na chandarua chenye dawa kitumike kila usiku, hata wakati wa joto.

Kuhusu chakula, kuna mahali mama mjamzito hukatazwa mayai, au hupunguziwa chakula mwezi wa tisa ili mtoto asiwe mkubwa akamshinda. Tuache desturi hiyo. Chakula kikipunguzwa, mtoto hunyimwa akiba yake na mama hunyimwa nguvu. Ugali au bada aliwe kwa maharage, kunde, dagaa, mchicha au kisamvu, na yai likipatikana apewe. Udongo usiliwe, haujengi damu, na huweza kuleta minyoo.

MWILI WA MAMA UNATAYARISHA NJIA

Mabadiliko mengi ya wiki za mwisho husumbua, lakini si ugonjwa. Mama akiyafahamu hatatishika bure.

Mji wa mimba hupanda mpaka karibu na chembe cha moyo. Hapo mama huona pumzi fupi, kiungulia, na kushiba upesi. Ale kidogo kidogo mara nyingi, na asilale mara tu baada ya kula. Mtoto anaposhuka kuingia kwenye nyonga, mama hupumua vizuri zaidi, lakini sasa kibofu hubanwa naye huenda haja ndogo mara kwa mara. Kwa mimba ya kwanza mtoto huweza kushuka wiki kadhaa kabla ya uchungu. Kwa mimba zinazofuata mara nyingi hushuka uchungu ukianza.

Viungo vya nyonga hulegea ili kupanua njia. Kwa hiyo mgongo na kiuno huuma, na mwendo hubadilika. Huu si wakati wa kubeba ndoo mbili za maji wala mzigo wa kuni. Miguu huweza kuvimba jioni na kupungua asubuhi; mama aiinue anapopumzika. Matiti huweza kutoa dang'a, yale maziwa ya mwanzo ya rangi ya manjano. Yasikamuliwe na kumwagwa mtoto akizaliwa. Ni chakula chake cha kwanza, na yamejaa kinga.

Mama alale kwa ubavu, wa kushoto ukiwezekana. Akilala chali, uzito wa mimba hukandamiza mshipa mkubwa unaorudisha damu kwenye moyo, naye huona kizunguzungu na damu iendayo kwa mtoto hupungua. Akishtuka usingizini na kujikuta amelala chali asiogope. Ageuke tu na kuendelea kulala.

UCHUNGU WA KWELI NA USIO WA KWELI

Katika wiki za mwisho tumbo huweza kukaza na kuachia. Ukiwa si uchungu wa kweli, hukaza bila mpango, hauzidi nguvu, na mara nyingi hutulia mama akitembea, akinywa maji au akipumzika. Uchungu wa kweli hushika kwa vipindi vinavyokaribiana, kila kimoja kikidumu zaidi na kuuma zaidi, na maumivu huzunguka kutoka kiunoni kuja mbele. Huweza kutangulia ute mzito wenye alama ya damu. Huo ni mlango wa kizazi unaoanza kufunguka.

Chupa ikipasuka na maji kutoka, mama aende kituoni hata kama hasikii uchungu wowote. Atazame rangi ya maji: yakiwa ya kijani au kahawia, mtoto amejisaidia ndani na huenda ametaabika. Hapo asingoje hata kidogo.

Tunaonya pia juu ya dawa za miti shamba za kuongeza uchungu. Nguvu yake haipimwi. Huweza kukaza mji wa mimba kupita kiasi, mtoto akakosa hewa, au mji wa mimba ukachanika. Bibi anayemchemshia mjukuu wake dawa hiyo anampenda. Lakini upendo wake utamsaidia zaidi akimsindikiza hospitali.

MTOTO HALALI KABLA YA KUZALIWA

Hapa tunaomba msomaji asimame kidogo. Wako wanaosema kwamba mtoto akikaribia kuzaliwa "hulala" au "hutulia akijikusanya", hivyo mama asishangae akiacha kucheza. Maneno hayo si ya kweli, nayo yamewafanya akina mama wangoje nyumbani wakati mtoto alikuwa anaomba msaada kwa njia pekee aliyo nayo.

Nafasi ikipungua, namna ya kucheza huweza kubadilika: badala ya mateke makali mama husikia kujinyoosha na kujisukuma. Lakini mtoto mzima huendelea kucheza kila siku mpaka uchungu uanze, na hata wakati wa uchungu. Kila mama aijue desturi ya mtoto wake, kama huchangamka asubuhi au usiku, au mama akishakula. Akiona amepunguza kuliko kawaida yake, au amenyamaza, aende kituo cha afya siku hiyohiyo, asingoje kesho. Akikuta mtoto ni mzima, amshukuru Mungu na kurudi nyumbani, hakuna atakayemcheka. Jambo likijirudia, arudi tena.

DALILI ZA HATARI

Mama, baba, na kila mkubwa aliye nyumbani wazijue dalili hizi kwa moyo. Moja tu ikitokea, ni safari ya hospitali mara moja, iwe mchana au usiku:

1. Kutokwa na damu ukeni, hata kidogo, hata bila maumivu.
2. Kichwa kuuma sana, kuona ukungu au nyota machoni, au maumivu makali chini ya chembe cha moyo.
3. Uso na mikono kuvimba ghafla.
4. Degedege. Hiki ni kifafa cha mimba, wala si pepo wala kurogwa. Kinatokana na shinikizo la damu, na kina dawa hospitali.
5. Homa.
6. Maumivu ya tumbo yasiyoachia, au tumbo kuwa gumu kama ubao.
7. Chupa kupasuka kabla ya uchungu, au uchungu kuanza kabla ya wiki ya 37.
8. Mtoto kupunguza au kuacha kucheza.
9. Kupumua kwa shida, weupe wa viganja na midomo, na uchovu wa kupita kiasi.

Na wiki ya 41 ikifika bila uchungu, mama aende hospitali akaangaliwe. Kondo la nyuma huchoka. Kuchelewa sana nako kuna hatari yake.

UCHELEWESHAJI WA AINA TATU

Mwaka 1994 wataalamu wawili, Sereen Thaddeus na Deborah Maine, walieleza kwamba akina mama wengi wanaokufa kwa uzazi hufa kwa kuchelewa, na kwamba kuchelewa huko ni kwa aina tatu: kuchelewa kuamua kwenda, kuchelewa kufika, na kuchelewa kupata huduma baada ya kufika.

Nchi yetu imepiga hatua. Uchunguzi wa kitaifa wa mwaka 2015–16 ulikadiria vifo 556 vya akina mama kwa kila vizazi hai laki moja. Ule wa mwaka 2022 ulikadiria 104. Waliojifungulia katika vituo vya afya walikuwa asilimia 63. Wakafika asilimia 81. Tushukuru. Lakini asilimia 81 maana yake ni kwamba karibu mama mmoja kati ya watano bado hujifungulia nje ya kituo.

Tuchukue mfano wa nyumba moja katika kijiji cha ndani. Saa tatu usiku mama anaanza kutokwa na damu. Baba yuko safarini. Mama mkwe anasema wamngoje, kwa kuwa yeye ndiye mwenye fedha na ndiye mwenye uamuzi. Saa sita baba anapatikana kwa simu, anasema waende. Sasa anatafutwa mwenye pikipiki. Wa kwanza hana mafuta, wa pili anaogopa korongo lililojaa maji. Alfajiri wanafika zahanati, nako wanaambiwa waende hospitali. Katika nyumba hii hakuna aliyekuwa na nia mbaya. Kila mmoja alimpenda mama huyu. Kilichokosekana ni mambo matatu ambayo yangeamuliwa mchana kweupe wiki nne kabla: nani ataamua, nani atasafirisha, na wapi tutakwenda.

Barabara kutoka Korogwe hadi Handeni siku hizi ni ya lami, na ni jambo jema. Lakini mama haanzii safari yake kwenye lami; huanzia mlangoni kwake, na hatari kubwa iko kati ya mlango huo na lami.

KAZI YA NYUMBA

Basi wiki ya 34 au 35 ikifika, mume na mke wakae chini, ikiwezekana pamoja na mzee mmoja wa nyumba, wakubaliane haya:

1. Wapi. Mimba ya kwanza, mimba ya tano na kuendelea, mapacha, mtoto aliyekaa vibaya, mama aliyewahi kupasuliwa au kutokwa na damu nyingi, mama mwenye shinikizo la damu, mama mfupi sana au binti mdogo: hawa wajifungulie hospitali, si zahanati. Tunazo Magunga kwa upande wa Korogwe, hospitali ya wilaya Handeni, na Mtakatifu Francis ya Kwamkono.

2. Lini. Mama anayeishi mbali asingoje uchungu. Wiki ya 38 ahamie kwa ndugu aliye karibu na hospitali. Waulize pia kliniki kama kuna nyumba ya kungojea wazazi.

3. Kwa chombo gani. Mwenye pikipiki au gari aambiwe mapema, na namba yake iandikwe ukutani. Iandikwe pia namba ya kituo, na namba 115 ya mpango wa m-mama, ambayo hupigwa bila malipo kuomba usafiri wa dharura wa mama na mtoto mchanga.

4. Fedha. Kidogo kidogo kila wiki, ziwekwe mahali ambapo mke anapajua. Fedha anazozijua baba peke yake hazimsaidii mama baba akiwa safarini.

5. Ruhusa. Baba aseme wazi, mbele ya watu: "Nisipokuwapo, usiningoje." Maneno hayo mawili huokoa maisha.

6. Damu. Wajulikane ndugu wawili au watatu walio tayari kutoa damu.

7. Mfuko. Kadi ya kliniki, khanga safi, nguo za mtoto na kofia yake, sabuni, na vitu vingine kliniki itakavyoagiza. Ufungwe na uwekwe karibu na mlango.

Kliniki nayo isiachwe. Shirika la Afya Duniani tangu mwaka 2016 hushauri mahudhurio manane, na matatu kati ya hayo ni ya wiki ya 36, ya 38 na ya 40. Huko hupimwa shinikizo la damu, mkojo, wingi wa damu, na mkao wa mtoto.

Na majirani tusijiweke kando. Katika jumuiya zetu ndogo ndogo tunajuana nyumba kwa nyumba. Tunajua nani yuko karibu kujifungua na nani hana mtu. Yuko anayeweza kuteka maji kwa ajili ya mama huyo, yuko wa kubaki na watoto wake wakubwa, yuko mwenye pikipiki. Mara nyingi mama hukataa kwenda mapema si kwa ukaidi, bali kwa sababu hana wa kumwachia watoto na kuku. Tukimwondolea mzigo huo tumemfungulia njia.

Mtoto anajua kazi yake, naye anaimaliza wiki kwa wiki bila kukumbushwa. Mwili wa mama nao unaijua kazi yake. Kazi ya tatu ni yetu, nayo haijifanyi yenyewe.

MASWALI YA KUJADILI NYUMBANI NA KATIKA JUMUIYA

1. Katika kijiji chetu, usiku wa mvua, mama mwenye uchungu anafikaje hospitali? Nani ana chombo?
2. Je, ziko nyumba ambamo mke hawezi kuondoka bila ruhusa ya mume au mama mkwe? Tufanye nini ili ruhusa itolewe mapema?
3. Ni maneno gani kuhusu mtoto kuacha kucheza tumezoea kuyasikia kwa wazee wetu? Tutawaelezaje kwa heshima?
4. Nani katika jumuiya yetu anakaribia kujifungua, na kila nyumba inaweza kumsaidia kwa lipi?